Mahakama imeamuru gari liachiwe, mbona bado liko yadi? Yaliyonikuta, na tusaidiane

Tela Tupu (mleta mada):

Wakuu, salaam.

Nimesita sana kuandika hili. Naliandika leo kwa sababu wiki hii peke yake watu watatu wamenipigia simu na swali lile lile: "Hakimu ameshasema gari langu liachiwe, mbona sipewi?"

Lori langu lilikamatwa na mamlaka moja ya serikali, sitaitaja. Dereva wangu alikuwa amekodiwa kubeba mzigo wa mteja, vibali vya mzigo vikaonekana vina kasoro. Mwenye mzigo na dereva wakafikishwa mahakamani. Mimi sikushtakiwa. Nilihojiwa mara moja tu, lakini lori likaandikwa kielelezo na kuingizwa yadi. Kesi ikawa ya kuahirishwa: leo shahidi hajafika, kesho jalada halijarudi, keshokutwa hakimu ana udhuru. Miezi 7 ilipita mkopo unadai na lori limelala.

Kilichonifungua macho ni wakili mmoja aliyeniuliza, "Kwani wewe ni mshtakiwa? Kwa nini unasubiri hukumu?" Nilikuwa sijui kabisa kwamba mwenye mali anaweza kuomba arudishiwe gari kabla kesi haijaisha. Tukapeleka maombi na hati ya kiapo, tukaambatisha kadi ya gari, bima na mkataba wa kukodisha. Hakimu alisikiliza pande zote mbili, akaamuru lori liachiwe kwa bondi, kwa masharti kwamba nisiliuze, nisilibadilishe rangi, na nilifikishe mahakamani likihitajika.

Nilitoka pale nikampigia mke wangu simu nikamwambia kesho lori liko nyumbani. Lilitoka siku 41 baadaye.

Yadi walisema hawajapata maelekezo. Ofisi ya juu yao ikasema inasubiri nakala ya amri. Karani akasema nakala haijachapwa. Ilipochapwa haikuwa na muhuri. Ilipogongwa muhuri, namba ya chesisi ilikuwa imekosewa tarakimu moja, yadi wakakataa, nikarudishwa mwanzo. Hakuna hata mmoja aliyeniambia "hatutii amri". Kila mmoja aliniambia nije kesho.

Siku waliyonifungulia geti nililikuta kona ya mwisho kabisa. Namba ya kesi iliandikwa kwa chaki kwenye kioo cha mbele, mvua imeifuta nusu. Nyasi zimepenya kwenye rimu za nyuma zikafika juu ya madigadi. Tairi nne zimekaa chini. Nyigu wamejenga ndani ya sait mira ya kushoto. Betri zote mbili hazipo, na nyaya zake hazikufunguliwa kwa spana, zimekatwa kwa kisu. Nikapanda kabini. Daftari la safari la dereva lilikuwa pale pale juu ya dashibodi, limefunguliwa ukurasa wa siku ya kukamatwa, kalamu imelala katikati. Sikuwahi kufikiria nitalia kwa ajili ya lori.

Ninachotaka kusema ni hiki: amri ya mahakama haifungui geti. Anayefungua geti ni mtu mwenye funguo, na huyo hatafungua mpaka karatasi sahihi imfikie mkononi na asaini kwamba imemfikia. Nilipoteza siku 41 kwa kudhani kazi iliisha mahakamani. Wenye uzoefu na wanasheria karibuni, tuwasaidie wengine.

---

Kiapo:

Mkuu pole sana. Mimi ni wakili, naomba niongeze jambo ambalo wengi hulikosea kabla hata hawajafika kwa hakimu.

Ukiambiwa gari limekamatwa, swali la kwanza ni limekamatwa KWA SHERIA IPI. Gari linaweza kushikwa kama kielelezo cha kesi ya jinai. Linaweza kushikwa na forodha kwa sababu ushuru haukulipwa au limebeba magendo. Linaweza kushikwa ili litaifishwe kwa kuwa ni chombo kilichotumika kutenda kosa. Linaweza kushikwa kwa deni la kodi, au kwa makosa ya barabarani tu. Kila moja lina mlango wake. Nimeona mtu amekaa miezi akisubiri kesi ya jinai iishe, kumbe gari lake lilikuwa chini ya sheria ya forodha na muda wa kulidai ulishapita.

Kwa kielelezo, hoja yenye nguvu kuliko zote ni kwamba mahakama haihitaji gari lenyewe likae yadi ili kuthibitisha kosa. Inahitaji kujua lilikuwa gari gani na lilikutwa katika hali gani. Picha, maelezo ya maandishi yaliyosainiwa na pande zote, namba ya injini na chesisi, basi. Mahakama ya Juu ya India ililisema hili waziwazi mwaka 2002 katika kesi ya Sunderbhai Ambalal Desai dhidi ya Jimbo la Gujarat: hakuna faida kulundika magari vituo vya polisi kwa muda mrefu, hakimu atoe amri mapema, gari lipigwe picha, mwenye gari aweke bondi na dhamana ya kulirudisha likihitajika. Walitaja hata muda, kwamba kitu kilichokamatwa kisikae kituoni zaidi ya siku 15 hadi mwezi mmoja. Uamuzi wa nchi nyingine hauibani mahakama yako, lakini hakuna kinachokuzuia kuutumia kama hoja ya kushawishi, na mimi nimewahi kuutumia.

---

Mstaafu wa Ghala:

Nimetunza vielelezo kwa miaka mingi kabla ya kustaafu. Niseme upande ambao hamuuoni.

Mtunza ghala anaogopa kitu kimoja tu, kuulizwa "kielelezo kiko wapi?" akiwa hana karatasi ya kujibu. Gari likitoka bila karatasi kamili, likapotea, anayesimamishwa kazi ni yeye, si hakimu wala mwendesha mashtaka. Kwa hiyo anapokwambia "lete nakala yenye muhuri" usimwone adui. Mletee. Na kabla hujaondoka mahakamani, soma amri yako neno kwa neno palepale mbele ya karani: namba ya usajili, namba ya chesisi, namba ya kesi, jina la anayekabidhiwa kama lilivyo kwenye kitambulisho. Lile kosa la tarakimu moja la mleta mada lingeonekana kwa dakika tano.

Hilo limesemwa. Ila sitawatetea wanaoacha magari yaoze. Gari likiingia yadi linatakiwa liwe na fomu ya hali yake: mafuta, kilomita, betri, tairi ya spea, jeki, redio. Nimeona fomu zimejazwa mstari mmoja, "gari moja, zima". Kwa fomu ya namna hiyo, mtu akichomoa kontroli boksi usiku nani atathibitisha kwamba ilikuwepo? Tulikuwa na yadi ambayo hata taa haikuwa nayo. Inaniuma mpaka leo.

---

Bi Subira:

Jamani nisaidieni. Nina pikapu, ndiyo inayonilisha na wanangu. Mdogo wangu aliiazima, akabebeshwa bidhaa na mtu, wakasimamishwa na forodha. Nimepewa karatasi inaitwa hati ya ukamataji. Leo ni siku ya 26. Mdogo wangu ananiambia nitulie, kuna mtu ndani anamfahamu anashughulikia. Nisubiri?

---

Kiapo:

Dada Subira, usisubiri hata siku moja. Samahani kwa kukukatisha tamaa, lakini soma nyuma ya hiyo karatasi. Sheria za forodha sehemu nyingi zina kitu kinaitwa notisi ya madai. Chini ya Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004, anayedai mali iliyokamatwa anatakiwa atoe notisi kwa maandishi ndani ya mwezi mmoja. Uingereza nao, kwenye sheria yao ya forodha ya mwaka 1979, muda ni huohuo mwezi mmoja. Ukipita bila notisi, mali inahesabiwa imetaifishwa. Hakuna hakimu aliyekaa, hakuna shahidi aliyeitwa, siku zimehesabiwa tu. Baada ya hapo kuomba mahakama ikurudishie ni kupanda mlima.

Notisi yenyewe si jambo kubwa. Ni barua: jina lako kamili na anwani, gari na namba zake, tarehe lilipokamatwa, kwamba wewe ni mmiliki na unadai kwamba halistahili kutaifishwa. Peleka mkononi, nakala mbili, moja igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Ukishaitoa, mzigo unahamia kwao: ama wakutake ufungue shauri ndani ya muda wanaokupa, ama wafungue wao. Nitumie ujumbe binafsi nikusaidie kuiandika. Bure.

Na huyo "mtu wa ndani" mwache. Kila siku anayokuambia utulie ni siku inayotoka kwenye mwezi wako.

---

Raia Mwema Kweli:

Niulize swali bila ubaya. Kila dereva akikamatwa mwenye gari anasema "mimi sikujua". Wapo wenye magari wanaojua fika, na wanajificha nyuma ya madereva. Mahakama ikiwa inaachia kirahisi hivi si tunawapa wahalifu vyombo vyao warudi kazini?

---

Kiapo:

Swali halali, na mahakama zenyewe zimegawanyika juu yake. Nitoe mifano ya Marekani kwa sababu huko yamebishaniwa sana hadharani.

Mwaka 1996, katika kesi ya Bennis dhidi ya Michigan, mke alipoteza haki yake kwenye gari la familia, Pontiac kuukuu ya 1977, kwa sababu mumewe alilitumia kwa kosa ambalo mke hakulijua. Majaji 5 dhidi ya 4 walisema jimbo lina haki ya kulichukua. Kwangu mimi ule ulikuwa uamuzi mkali kupita kiasi. Mwaka 2000 Bunge lao likatunga sheria inayompa mmiliki asiye na hatia utetezi wake katika kesi za utaifishaji za serikali kuu. Lakini yeye ndiye anayetakiwa kuthibitisha kwamba hakujua, au kwamba alipojua alifanya anachoweza kuzuia. Hapo ndipo wale wanaojificha nyuma ya madereva hukwama. Kusema "sikujua" hakutoshi, utaulizwa mkataba uko wapi, maelekezo kwa dereva yako wapi.

Kisha kuna uzito wa adhabu. Kesi ya Timbs dhidi ya Indiana: mtu alikiri kosa la dawa za kulevya, faini ya juu kabisa kwa kosa lake ilikuwa dola 10,000, wao wakamnyang'anya Land Rover aliyoinunua kwa takriban dola 42,000 kutokana na fedha za bima ya maisha ya marehemu baba yake. Mwaka 2019 Mahakama ya Juu ilisema kwa kauli moja kwamba katazo la faini zilizozidi kiasi linayabana majimbo pia. Ona sasa muda: gari lilikamatwa 2013, alirudishiwa 2020 baada ya mahakama ya chini kuamuru, na jimbo liliendelea kukata rufaa mpaka 2021. Miaka saba kwa gari moja, na huyo ni mtu aliyekiri kosa. Sasa mfikirie ambaye hata hakushtakiwa.

---

Tela Tupu:

Mkuu Raia, nakuelewa. Na mimi sitaki chombo cha mhalifu kirudi barabarani. Ninachoomba ni kusikilizwa mapema. Kama nilijua, hakimu agundue mwezi wa kwanza. Kama sikujua, hakimu agundue mwezi wa kwanza. Miezi 7 ya kukaa kimya haikumkamata mhalifu yeyote, ilikula tairi zangu.

---

Kiapo:

Na hapo ndipo penye vita hasa, muda. Mwaka 2002 mahakama ya rufaa ya shirikisho inayohudumia New York, katika kesi ya Krimstock, ilisema wenye magari yaliyokamatwa lazima wapewe nafasi ya kusikilizwa haraka kuhusu kama gari liendelee kushikiliwa. Aliyeandika uamuzi ule ni Sonia Sotomayor, kabla hajapanda Mahakama ya Juu. Mwaka 2024, katika kesi ya Culley dhidi ya Marshall, Mahakama ya Juu ilikataa: majaji 6 kwa 3 walisema katiba inadai shauri la utaifishaji lenyewe lisikilizwe kwa wakati, haidai kikao cha awali cha pekee. Sotomayor alikuwa kati ya wale watatu. Waliolalamika ni wanawake wawili ambao magari yao yaliendeshwa na watu wengine, mmoja mwanawe, mmoja rafiki. Wote walisubiri zaidi ya mwaka kurudishiwa.

Nilisoma uamuzi ule nikaumia. Usikilizwaji "kwa wakati" ni neno tamu kwa asiyetegemea gari kufika kazini.

Kwa hiyo usitegemee mfumo ukuite. Wewe ndiye upeleke maombi, na uyaandike kama ya dharura, ukieleza hasara ya kila siku kwa vielelezo: ratiba ya mkopo, mikataba iliyokatishwa, picha za gari linavyoharibika.

---

Fundi Waya:

Naingilia kidogo upande wa gari lenyewe maana nimeyapokea mengi yakitoka yadi.

Msiliwashe palepale! Watu wanafurahi, wanaleta betri mpya, wanapiga stata. Panya huwa wameshatafuna waya, ukiliwasha unaunguza kontroli boksi na hapo hasara inakuwa yako. Dizeli iliyokaa muda mrefu ina maji na uchafu chini ya tanki, ukiivuta unaua pampu na nozeli. Breki zimeshika kutu. Livute kwa winchi mpaka gereji. Angalia oili, maji, chuja tanki, kagua waya kwa macho kabla ya umeme kupita.

Na fundi wako aandike ripoti ya alichokikuta, yenye tarehe na saini, KABLA hajabadilisha chochote. Vile vifaa vilivyoharibika usivitupe.

---

Tela Tupu:

Fundi umenigusa. Mimi nilitupa zile nyaya zilizokatwa kwa kisu. Ulikuwa ushahidi wangu, nikautupa.

---

Mlipa Mkopo:

Maswali mawili kwa wakili. Yadi wakidai ada ya maegesho ya miezi yote hiyo, nalipa? Na wakiikaidi amri kabisa nafanyaje?

---

Kiapo:

Ada inategemea sheria iliyotumika na amri imesemaje, ndiyo maana kwenye maombi yenyewe omba hakimu aseme wazi kwamba gari litolewe bila ada ya kutunzwa. Amri ikinyamaza, yadi watajaza wenyewe pale iliponyamaza. Ukilazimika kulipa ili litoke, lipa kwa risiti na uandike kwa barua kwamba unalipa huku ukipinga.

Kukaidi: kwanza hakikisha ni ukaidi kweli. Upande wa serikali ukikata rufaa, rufaa peke yake kwa kawaida haisimamishi amri. Lazima waombe zuio la utekelezaji na walipate. Uliza "zuio liko wapi, nionyeshe". Kama hakuna, mfikishie amri mkuu wa ofisi husika kwa jina na cheo, pata saini ya kupokea au kiapo cha aliyeifikisha, mpe kwa barua siku anazotakiwa kutekeleza. Zikipita, rudi kwa hakimu yuleyule na maombi ya kumwita aeleze kwa nini asiadhibiwe kwa kudharau mahakama. Mara nyingi gari hutoka siku wito unapofika, kwa sababu sasa amri ina jina la mtu.

Mkuu Tela, siku 41 zako zingekuwa labda 10 kama ungefanya hivyo wiki ya kwanza. Sisemi kukulaumu.

---

Mstaafu wa Ghala:

Wakili amesema kweli. Barua iliyoandikwa "kwa ofisi" inazunguka mezani. Iliyoandikwa jina langu nilikuwa naishughulikia siku hiyohiyo.

Kingine, siku ya kukabidhiwa utapewa kitabu usaini "nimepokea gari likiwa katika hali nzuri". Usisaini hivyo kama si kweli. Andika kwa mkono wako kinachokosekana, hata kama foleni inakusubiri: betri mbili hazipo, tairi nne hazina upepo, redio imetolewa. Malizia na "napokea bila kuacha haki yangu ya kudai hasara". Kisha upige picha ukurasa huo. Afisa akikataa usiandike, mwombe aandike yeye kwamba amekataa.

---

Raia Mwema Kweli:

Nimefuatilia mpaka hapa. Nabaki na msimamo kwamba mhalifu asirudishiwe chombo, lakini sikujua kwamba mtu asiyeshtakiwa anaweza kupoteza gari kwa kuchelewesha barua tu. Hilo si sawa. Hata ile Magna Carta ya 1215 ilikataza maofisa wa mfalme kuchukua farasi na mikokoteni ya mtu huru bila ridhaa yake.

---

Bi Subira:

Narudi. Jana usiku kaka Kiapo alinisaidia kuandika notisi. Asubuhi nilikwenda mwenyewe, sikumtuma mtu. Dirisha la kwanza waliniambia anayepokea yuko kikaoni. Nikakaa kwenye benchi na bahasha yangu mpaka akatoka. Akasoma, akaniuliza nani kaniandikia, nikamwambia ni haki yangu kuandika. Akagonga muhuri kwenye nakala zote mbili.

Tarehe inasomeka vizuri, ni siku ya 27. Nimeomba pia kuiona pikapu. Walikubali dakika kumi. Nimepiga picha pande zote nne, injini, chesisi, kilomita, na tairi ya spea ikiwa bado ipo. Betri ipo. Simu imejaa, nimezituma kwa mdogo wangu azihifadhi na yeye.

Kaka Kiapo, wamesema nitajibiwa kwa maandishi. Nikijibiwa nitaweka hapa.